Aliyebaki Kwenye Orodha

Asubuhi ya siku ya tatu tangu basi lianguke mtoni, Mama Pasi alipiga magoti kando ya kitanda akaomba dua ambayo hakuwahi kufikiri kwamba mke anaweza kumwombea mumewe. "Mungu wangu," alisema, uso umezama kwenye shuka, "naomba mume wangu awe amenidanganya. Awe hakupanda lile basi. Awe yuko kwa mwanamke mwingine, amelala, amezima simu. Nitamsamehe. Na huyo mwanamke nitamsamehe. Amina." Alibaki pale chini kwa muda, kwa sababu hakujua kama dua ya namna ile hupokelewa au hurudishwa.

Upande wa pili wa pazia, wifi yake alikohoa kikohozi cha mtu aliyesikia yote. Chumba kilikuwa kimoja na pazia ndilo lililokifanya viwili. Wifi, dada wa mumewe, alihamia hapo baada ya ndoa yake kuvunjika, akaja na godoro lake na mdomo wake.

"Umeamka, wifi?" Mama Pasi aliuliza.

"Nilikuwa macho. Kuomba kwako siku hizi ni kama tangazo la mnada." Pazia likasogezwa. "Lakini hiyo ya leo hata mimi nasema amina. Kaka yangu yuko kitandani kwa mtu. Mwanamume ambaye jina lake halipo kwenye orodha ya basi, lipo kwenye orodha nyingine."

"Aliniaga. Alibeba sanduku la vifaa."

"Sanduku la vifaa hata kwa mwanamke linaingia. Usinitazame hivyo. Miaka yote hii hakuna mtoto anayelia humu ndani. Watu wanakuita Mama Pasi, lakini pasi haimwiti mtu baba. Mwanamume anachoka, anakwenda kutafuta kidogo nje. Nakuambia haya kwa kukupenda. Au ungependa nikuambie yuko mtoni?"

Hivyo ndivyo alivyokuwa wifi: tusi na faraja alivipika chungu kimoja, na mwenye njaa alikula vyote. Mama Pasi aliinuka, akaweka mkaa kwenye pasi, akapuliza. Nguo za watu zilikuwa zimerundikana tangu habari ilipofika, na wenyewe walishaanza kutuma salamu zisizo za pole.

Mumewe alikuwa fundi wa majokofu, mtaa mzima ulimwita Fundi Baridi. Alisafiri alfajiri kwenda mji wa mbali kufunga chumba cha baridi kwenye bucha. Kabla jua halijapanda, basi la kampuni aliyoitaja lilivunja kingo za daraja likaingia mtoni. Mwenye bucha alipopigiwa simu alisema hakuona fundi wala sanduku la fundi. Simu ya Fundi Baridi ilikuwa haipatikani. Na katika orodha ya abiria, ambayo wifi aliipata kwenye simu yake na kuisoma mara mbili kwa kidole, jina la Fundi Baridi halikuwemo.

Mama Pasi mwenyewe alikuwa anasoma polepole. Alianza kisomo cha jioni akiwa mtu mzima, na mpaka afike mwisho wa mstari, mwanzo wake ulikuwa umeshamtoroka. Kwa hiyo orodha alisomewa.

*

Ofisi ya kampuni ya basi ilikuwa na dirisha moja lenye kioo na tundu la kupitishia pesa. Siku hizo hakuna aliyepitisha pesa. Watu walipanga foleni kutaja majina, na karani aliyekuwa ndani aliteremsha kalamu juu ya karatasi, kisha akasema neno moja au mawili. Kulingana na neno hilo, mtu aligeuka upande mmoja akikimbia, au upande mwingine akishikiliwa.

Zamu yake ilipofika, Mama Pasi alitaja jina la mumewe. Karani hakuteremsha hata kalamu.

"Mama, wewe si ulikuja jana?"

"Nilikuja. Naomba uangalie tena, mwanangu."

"Nimeangalia jana, nikaangalia na juzi. Orodha haioti majina usiku."

Mtu aliyekuwa nyuma yake alicheka kwa puani, kisha akajikuna shingo kama aliyejutia.

"Alisema anapanda basi lenu," Mama Pasi alisema. "Nauli ililipwa kwenye namba yenu."

"Una ujumbe wa malipo?"

"Ulifutwa. Simu yangu ndogo, ikijaa haipokei kitu."

"Basi huna." Karani alishusha sauti kidogo, na kushusha huko ndiko kulikomuumiza zaidi. "Mama, nikwambie kama mwanao. Wapo wanaotamani kusikia ninachokuambia wewe. Hayupo! Shukuru Mungu, nenda nyumbani, umngoje arudi na maelezo yake. Wanaume huaga kwa kwenda huku wakaenda kule. Asiyekuwepo na lake halipo."

"Basi nipe kikaratasi cha kuingia chumba cha maiti kule hospitali. Nikaangalie tu, roho itulie."

"Kikaratasi kinatoka kwa jina. Jina halipo, kikaratasi hakipo. Kule wanazuia watu. Juzi waliingia wezi wa viatu wakijifanya ndugu. Nitaandika nini, 'mruhusuni mama huyu apitie'? Anayefuata!"

Alisogea pembeni. Mwanamke mmoja kwenye benchi, macho yamevimba, alimpisha nafasi ya kukaa na kumuuliza kwa upole, "Wako ni nani?" Mama Pasi akasema ni mume, ila kwenye orodha hayupo. Yule mwanamke alimtazama, upole ukakauka, akarudisha pochi yake katikati ya benchi. Huzuni nayo ina viti vyake, na asiye na tiketi hakai.

*

Mchana alipiga pasi mlangoni kwake, na wateja walikuja kuchukua nguo na habari kwa pamoja.

"Amepiga simu?" aliuliza mmoja, huku akihesabu vifungo vya shati lake.

"Bado."

"Atapiga. Hela zikiisha huwa wanapiga."

Mwingine alisema kwamba Fundi Baridi alikuwa mpole mno, na wapole ndio wanaozamisha. Walipoondoka aliwasikia wakicheka kwenye kona, na akashangaa kuona kwamba kicheko chao kilimpa nguvu. Kila aliyemcheka alikuwa anamwambia mume wako yu hai. Alitaka wacheke zaidi. Alitaka mtaa mzima umtungie wimbo, mradi uwe wimbo wa mume mzinzi.

Redio ya jirani ilitoa taarifa. Majeruhi wote katika hospitali mbili wametambuliwa. Marehemu wamechukuliwa na ndugu zao, isipokuwa mwanamume mmoja ambaye hayumo kwenye orodha ya abiria, na inadhaniwa alikuwa mpita njia darajani. Kwa kuwa jokofu la hospitali limeharibika, atazikwa na halmashauri kesho asubuhi. Mwanamke mmoja bado hajaonekana, na wapiga mbizi wanaendelea kumtafuta mtoni.

"Maskini," Mama Pasi alisema. "Wa watu huyo."

Kisha, kwa mazoea ya mke wa fundi, akawaza: jokofu la hospitali limeharibika, hiyo ni kazi nzuri, akirudi nitamwambia. Alipoona alichowaza, pasi ilikuwa imeshasimama mahali pamoja, na suruali ya mteja ilikuwa inatoa moshi.

"Wifi!" dada mtu alipiga kelele kutoka ndani. "Unachoma nyumba sasa?"

"Ni suruali tu."

"Suruali ya nani?"

"Ya mume wa mwenye duka la kuchapa."

"Basi ipeleke mwenyewe. Mimi siwezi kusimama mbele ya yule mwanamke na suruali yenye dirisha."

*

Mwenye duka la kuchapa aliitwa Mchapaji. Alikuwa mwanamke mnene, miwani juu ya paji la uso, na duka lake lilikuwa na kompyuta moja, mashine ya kunakili, na feni iliyogeuka upande mmoja tu. Aliipokea suruali ya mumewe, akaingiza kidole kwenye tundu, akakitazama kidole kilivyotokea upande wa pili.

"Nitalipa," Mama Pasi alisema.

"Utalipa na nini, dada yangu? Kaa." Alimsukumia kiti cha plastiki. "Suruali yenyewe ilikuwa inambana. Kuna habari?"

"Hayupo kwenye orodha."

"Nani ameisoma?"

"Wifi. Na karani."

"Wamesoma kwa macho. Macho ya mtu mwenye hofu huona anachokitaka, na ya mtu aliyechoka hayaoni kitu." Mchapaji aliteremsha miwani. "Labda jina limekosewa. Hizo orodha ninazo, ndugu wa majeruhi walizileta hapa nizitoe nakala. Subiri. Kuna tovuti moja ninaitumia. Unaipa orodha mbili, tatu, hata nne, inazipanga pamoja na kukuambia nani yupo kwenye zote, nani yupo kwenye moja tu. Mwezi uliopita nililinganisha walioahidi mchango wa harusi na waliotoa. Mungu wangu! Bwana harusi alitoka hapa hasalimiani na nusu ya ukoo."

Mama Pasi alitabasamu kwa mara ya kwanza tangu juzi, na tabasamu hilo lilimuuma mashavuni kama kiatu kipya.

"Sasa sikiliza," Mchapaji alisema, akifungua ukurasa wenye visanduku vyeupe. "Ninyi mmekuwa mkimtafuta aliyepo. Sisi tutamtafuta aliyebaki. Hapa naweka abiria wote wa basi. Hapa waliolazwa hospitali kubwa. Hapa waliolazwa hospitali ya misheni. Hapa waliotambuliwa na ndugu zao, Mungu awarehemu. Kila abiria lazima awe ameangukia kwenye mojawapo ya hizi tatu. Atakayebaki peke yake, tutamwangalia jina lake. Likifanana na la mumeo hata kwa mbali, tumempata."

Orodha ya hospitali ya misheni ilikuwa picha ya mwandiko wa mkono, ikabidi Mchapaji aichape upya. Alichapa akinong'ona majina, na Mama Pasi alisikiliza kila jina kama mtu anayesikiliza hatua za anayepita nje ya mlango. Hakuna aliyesimama. Mteja aliingia kutaka nakala ya cheti, akaambiwa arudi baadaye. Mchapaji alibandika orodha ya mwisho, akabonyeza kitufe, na ukurasa ukagawanyika vipande vyenye rangi.

"Waliobaki watano," alisema. "Ngoja, hawa wawili ni walewale, hospitali imetanguliza jina la baba. Huyu ana nafasi iliyozidi katikati, mashine hii haijui watu, inajua herufi tu. Na huyu..." Alirekebisha, akabonyeza tena. Feni ikageuka upande wake mmoja. "Sasa amebaki mmoja."

"Nani?"

"Si yeye. Pole, dada. Ni mwanamke. Atakuwa yule wanayemtafuta mtoni." Mchapaji alisogeza uso karibu na kioo akalisoma jina lote, la kwanza, la baba na la babu.

Mama Pasi aliinuka kwenye kiti.

"Unamjua?"

"Ni mimi."

"Ni wewe nini?"

"Hilo jina. Ni langu."

Mchapaji alianza kucheka, akaona uso uliokuwa mbele yake, akaacha. Alikuwa amempelekea nguo miaka mingi na hakuwahi kumwita vingine ila Mama Pasi. Aligeuza kioo cha kompyuta. Mama Pasi aliweka kidole chini ya herufi ya kwanza, akaenda nayo taratibu, kama alivyofundishwa kwenye kisomo, mpaka mwisho. Lilikuwa jina lake. Alilijua, maana lilikuwa neno la kwanza alilojifunza kuandika. Wifi alilipita kwa sababu alikuwa anamtafuta kaka yake, na karani alilipita kwa sababu hakuna aliyelitaja. Hakuna mtu duniani anayekwenda dirishani kujitafuta mwenyewe.

"Lakini wewe hukusafiri," Mchapaji alisema.

"Sikusafiri."

"Nani alilipa nauli?"

Ndipo Mama Pasi akaiona jioni ile ya kuamkia safari ilivyokuwa. Laini ya Fundi Baridi ilikuwa na deni la mkopo wa simu, na kila hela iliyoingia humo ilimezwa kabla hajaishika, kwa hiyo nyumba yao yote iliendeshwa kwa laini ya mkewe. Yeye alikuwa amesimama kwenye meza ya kupigia pasi, mikono yote miwili kwenye shati la mtu. Mumewe alichukua simu ya mkewe, akauliza, "Namba ya siri bado ile ile?" Naye akamjibu, "Ile ile, kwani umenipa hela ya kuficha?" Mume akabonyeza, akasema, "Tayari. Nakufutia ujumbe, simu yako imejaa kama tumbo la mbuzi." Akairudisha mezani. Hayo ndiyo yote.

"Laini yangu," alisema. "Alilipa kwa laini yangu."

Mchapaji alivua miwani. "Utingo wa lile basi huandika jina linalotokea kwenye ujumbe wa malipo. Hamuulizi mtu wewe ni nani. Mimi mwenyewe nilisafiri nao kwa jina la shemeji yangu. Orodha huiacha ofisini, lakini simu yake ilizama, kwa hiyo hawana namba ya kupiga, wana majina tu."

"Kwa hiyo alipanda."

"Alipanda, dada."

"Hakunidanganya."

Kwa pumzi moja Mama Pasi alifurahi. Furaha ilimjaa kifuani kama ya msichana: mume wake mkweli, alikwenda aliposema anakwenda, na mtaa mzima ulikuwa umemsingizia. Alifungua mdomo aseme Mungu ashukuriwe. Kisha pumzi ya pili ikaja, na ndani yake akamkuta mwanamume mmoja asiye na jina, kwenye chumba chenye jokofu bovu.

Mchapaji aliushika mkono wake. Hakuuliza bei ya kuchapa, wala hakutaja suruali tena. Alitoa nakala ya ukurasa ule, akazungushia mstari wa kalamu nyekundu jina lililobaki, akaikunja mara mbili.

*

Wifi alikuwa amejifunga kiuno, amevaa viatu vya kwendea ugomvini.

"Nimempata!" alisema. "Kuna mama muuza chakula upande wa soko, mumeo alimtengenezea friji mara tatu. Friji gani inaharibika mara tatu? Twende. Mimi nitaongea, wewe utalia."

"Wifi, kaa."

"Sikai."

Mama Pasi alimweleza, na ilimchukua muda kwa sababu maneno yalitoka kwa kuvutana. Wifi alisikiliza akiwa amesimama. Akaichukua karatasi, akalisoma jina lililozungushiwa wino mwekundu, akalisoma tena, kisha akaitupa kitandani kana kwamba ilikuwa ya moto.

"Mashine," alisema. "Mashine ya kuchapia kadi za harusi ndiyo imekuambia kaka yangu amekufa?"

"Mashine imeniambia alipanda."

"Hapana. Utingo alikosea. Au tiketi aliipoteza, akaiuza, akampa mtu. Kaka yangu yuko kwa yule mama anakula. Twende sasa hivi."

"Kesho asubuhi wanamzika yule mtu, wifi. Bila jina. Bila wa kumlilia. Nahitaji kikaratasi leo, kabla ofisi haijafungwa, nipande basi la usiku."

"Ukienda pale dirishani ukasema ni yeye, utakuwa umemuua wewe!" Wifi alipiga kelele mpaka redio ya jirani ikapunguzwa sauti. "Sasa hivi yuko hai. Hayupo kwenye orodha, yuko hai! Unakwenda kumwandika kwa mkono wako. Kwa nini? Bora afe kuliko awe kwa mwingine, siyo? Sema!"

Lilikuwa swali ambalo jibu lake Mama Pasi alikuwa amelitoa asubuhi ileile, akiwa amepiga magoti, na wifi mwenyewe aliitikia amina. Angeweza kumkumbusha. Badala yake alifungua kopo la unga walimoficha akiba ya kodi, akatoa nauli, akamwachia nyingine.

"Twende wote," alisema. "Ni kaka yako."

"Mimi kaka yangu yuko sokoni."

Mama Pasi alichukua kitambulisho chake na karatasi. Alipofika mlangoni alimsikia wifi akikaa chini, si kitandani, sakafuni, na viatu vya ugomvi vikivuliwa kimoja baada ya kingine. Alisita. Alitaka kurudi wakumbatiane. Lakini alijua akirudi watalia mpaka jua lizame, na dirisha lile lilikuwa na saa zake za kufunga. Njia nzima hakusali. Alijaribu, lakini kila alipoanza alikuta dua zake zote ni za jana.

*

Foleni ilikuwa bado ndefu. Wengi walikuwa watu walewale wa asubuhi: waliokuwa wakingoja usafiri wa kwenda hospitali, waliokuwa wakingoja pesa za jeneza, na wengine waliokuja kwa sababu nyumbani hapakukalika. Karani alipomwona aliweka kalamu chini.

"Mama. Tumeshaongea."

"Sikuja kwa jina lile. Nimekuja kwa jingine." Alipitisha kitambulisho kwenye tundu la pesa, na karatasi juu yake.

Karani alitazama duara jekundu. Akatazama kitambulisho. Akatazama orodha yake, kisha akamtazama yeye, na kwa mara ya kwanza tangu juzi alimtazama usoni.

"Huyu ni nani?"

"Ni mimi."

"Huyu ndiye tunayemtafuta mtoni."

"Ndiye mimi. Mume wangu alilipa kwa simu yangu. Utingo akaandika jina langu. Kwenye kiti alikaa yeye."

Aliyesimama nyuma yake aliacha kuongea na mwenzake. Karani alikuna kichwa kwa kalamu, akakumbuka maneno aliyoyasema dirishani pale, na masikio yake yakabadilika rangi.

"Mama, elewa unachoniambia," alisema polepole. "Nikikufuta wewe, nafasi hiyo lazima niandike mtu."

"Futa langu. Andika lake."

"Una hakika?"

Lilikuwa jambo dogo kwa kulitazama: kalamu ya kampuni, mstari mmoja, kisha majina matatu juu yake. Lakini aliona wifi alikuwa na haki kwa kiasi chake. Mpaka dakika ile kulikuwa na mwanamume anayekula chakula upande wa soko, mwongo, mzima, wa kusamehewa. Akishasema ndiyo, yule hatakuwepo tena, atabaki yule mkweli.

"Andika," alisema. "Nilitamani awe mwongo. Siyo."

Karani aliandika. Herufi moja aliikosea, akairudia. Akamtolea kikaratasi chenye muhuri, akakipitisha kwenye tundu, akasema "pole, mama yangu" kwa sauti ya mtoto wa mtu, si ya karani. Kisha akanyanyua simu ya mezani kupiga hospitali. Laini ilikuwa mbaya, ikambidi aseme kwa nguvu.

"Halo! Waambieni wapiga mbizi watoke mtoni! Ndiyo. Yule mwanamke. Amepatikana! Nasema amepatikana! Mzima, yuko hapa mbele yangu!"

Foleni nzima iligeuka. Kwa siku tatu hakuna neno kama hilo lililotoka katika dirisha lile, na watu walilipokea kama wenye kiu. Mtu mmoja akapiga makofi. Mzee mmoja alivua kofia akainua mikono juu. Karani alikuwa ameinamia simu, ameshusha sauti, anasema jambo la pili, lile la yule mwanamume, lakini hilo halikusikika nje ya kioo.

Yule mwanamke wa benchi, mwenye macho yaliyovimba, alikuja akikimbia. Alimkumbatia Mama Pasi kwa mikono yote miwili, akambana kwa nguvu, akimtikisa, machozi yakimtiririkia shingoni. "Mungu mkubwa!" alisema. "Angalau mmoja! Angalau mmoja amerudi! Watu wako watafurahi jamani, watu wako watafurahi!"

Mama Pasi alisimama na kikaratasi mkononi, mkono ule ukiwa umebanwa kati ya vifua viwili. Hakuwa na moyo wa kumnyang'anya mtu yule furaha yake. Akamwekea mkono wa pili mgongoni, akampigapiga taratibu, kama anayembembeleza mtoto, akasema, "Ahsante, dada. Ahsante."